Winga Aliyeficha Goti Lake

Ipo siku moja ninayoikumbuka, mwanangu, kwa namna ambayo siikumbuki hata siku ya mahafali yangu. Ilikuwa asubuhi ya majira ya baridi, katika nyumba ya kutunzia wazee huko Champlin, kitongoji kitulivu kilicho kando ya mto Mississippi, kaskazini ya Minneapolis. Mto ulikuwa umeganda kingoni, na katikati maji meusi yalipita polepole kama watu wanaotoka mazishini. Nilikuwa nimeshika wembe. Mbele yangu alikuwa ameketi mzee wa Kiingereza mwenye mashavu yaliyobonyea, povu la sabuni limemjaa kidevuni, naye akinitazama kwa jicho moja lililo wazi na jingine lililofumbwa nusu, kama mtu anayepima umbali wa goli.

"Kijana," aliniambia, "leo unachechemea."

Nikamwambia miguu yangu ni mizima.

"Sikusema miguu," akajibu. "Unachechemea usoni."

Kabla sijakueleza nilimjibu nini, yafaa ujue kwanza yule mzee alikuwa nani na mimi nilikuwa nani, kwa sababu maneno ya mtu hupimwa kwa maisha aliyoyaishi, na nasaha isiyo na mwenyewe ni upepo tu.

Mimi, mwanangu, nilikuwa kijana wa Same. Baba yangu alikuwa mfanyakazi wa reli, mtu wa bendera ya kijani na bendera nyekundu, ambaye maisha yake yote aliwaruhusu wengine wasafiri na yeye mwenyewe akabaki stesheni. Miaka ya tisini ilikuwa imeanza kusogea nilipopata nafasi ya kwenda kusoma shahada ya pili Minnesota. Nilipanga chumba katika mtaa wa Phillips, kusini mwa Minneapolis, mtaa wa watu waliotoka pande zote za dunia, ambako ungeweza kusikia lugha nyingi ngazini bila kusikia hata moja inayokuita kwa jina lako. Siku za juma nilisoma. Mwisho wa juma nilifanya kazi katika ile nyumba ya wazee, nikiwaogesha, nikiwanyoa na kuwalisha.

Upweke wa ugenini, mwanangu, hauji kama mwizi. Huja kama mgeni mwenye adabu. Hubisha hodi, huomba kukaa kidogo, na ukija kushtuka amekwisha kutandika kitanda chake kando ya chako. Ndivyo ulivyokuja kwangu. Wakenya na Watanzania wa miji ile pacha, Minneapolis na Saint Paul, walikuwa wakikutana, wakila pamoja, wakisali pamoja. Mimi nilikwenda mwanzoni, kisha nikapunguza, kisha nikaacha. Walinibandika jina la Profesa, jina ambalo nusu yake ilikuwa heshima na nusu nyingine kejeli, nami nikachagua kusikia heshima peke yake.

Aliyenitafutia ile kazi alikuwa Mama Wanjiru, muuguzi kutoka Nakuru, mwenye sauti kubwa na gari kuukuu, ambaye kwa hiari yake alikuwa amejitwika umama wa kila mwanafunzi wa Afrika Mashariki aliyefika pale bila koti la maana. Wiki zangu za kwanza yeye ndiye aliyenipitia alfajiri mpaka nilipozijua njia za mabasi. Baadaye alihamia hospitali moja upande wa pili wa mji. Kisha mdogo wake akafariki ghafla huko Nakuru.

Wewe unajua desturi yetu, lakini acha niiseme, maana zipo desturi ambazo mtu hazioni mpaka azikose. Mtu akifiwa ughaibuni, hata kama kaburi liko ng'ambo ya bahari, watu huenda kwake wakakaa. Hawaendi kusema mengi. Huchemsha chai, huimba tenzi, huosha vyombo, hukaa. Kukaa kwenyewe ndiyo kazi. Mimi kwa Mama Wanjiru sikwenda kukaa. Nilikuwa na mitihani. Nikasema nitakwenda kesho, na kesho ikazaa kesho nyingine, mpaka nikaona haya kwenda. Haya nayo, mwanangu, haikubali kubaki haya. Ikiachwa bila kushughulikiwa huota mizizi ikawa uadui usio na ugomvi. Nikawa namkwepa mtu ambaye hakuwa amenikosea lolote. Hata kanisani nilihama ibada, nisipishane naye mlangoni.

Sasa nikueleze habari za yule mzee. Jina lake lilikuwa Wilfred, nami nilimwita Mzee Wilfred, neno ambalo alidai nimfafanulie, na nilipomfafanulia akasema kwamba huko Marekani hakuwahi kuitwa uzee wake kwa sauti ya kumpendeza namna ile. Wafanyakazi wenzangu walijua kwamba aliwahi kuwa mchezaji wa mpira, wakadhani ni ule mpira wao wa kofia ngumu na mabega ya bandia. Kila Jumapili walimsukuma kwenye kiti chake cha magurudumu mpaka mbele ya runinga autazame mchezo huo, naye akautazama kwa adabu, kama mtu aliyealikwa harusi ya watu asiowajua.

Siku aliyoniambia kwamba alicheza pembeni kushoto, nilimwuliza, "Namba kumi na moja?"

Alicheka mpaka akakohoa. "Sisi hatukuwa na namba mgongoni, kijana. Kama watu hawakukujua kwa mwendo wako, basi hukuwa mchezaji."

Tangu siku hiyo nikawa msikilizaji wake. Alizaliwa katika mji wa viwanda vya pamba kaskazini mwa Uingereza, na bado hajamaliza utoto alikwisha ingizwa kiwandani kuzoa nyuzi chini ya mitambo. Mpira aliujulia mitaani, juu ya mawe, kwa viatu vyenye soli za mbao. Vita vya kwanza vilipokwisha na wanaume wengi wa mji wao kutorudi, viwanja vilihitaji vijana, na klabu ya pale ikamchukua akiwa hajaota ndevu za kutosha kunyolewa. Alinisimulia mambo ambayo sisi tuliokulia katika zama za redio na picha tungeyaona kama hadithi. Wachezaji walikwenda uwanjani kwa tramu ileile iliyowabeba mashabiki, na kama Jumamosi iliyopita ulikosa goli, ungeambiwa humohumo ndani ya tramu, mbele ya mama yako. Mpira ulikuwa wa ngozi, umefungwa kwa kamba. Mvua ikiulowesha huwa mzito kama furushi la udongo, na ukiupiga kwa kichwa upande wa kamba unatoka na damu. Kovu hilo alikuwa nalo kwenye paji la uso, nami nilipitisha kitambaa cha moto juu yake kila Jumamosi. Daktari wa timu alikuwa mtu mwenye ndoo ya maji baridi na sponji. Ukiumwa kichwa, sponji. Ukivunjika kidole, sponji.

Na alikuwa na mwenzake, Cyril. Katika mpira wa zama zile winga na mshambuliaji wa ndani wa upande wake walikuwa kama mke na mume: waliishi kwa kujuana. Wawili hao walipanga nyumba moja kwa mama mjane aliyewapikia supu ya utumbo, wakafanya mazoezi pamoja, wakafikia mahali ambapo Cyril alikuwa akiupiga mpira kwenye nafasi tupu bila kuinua macho, akijua kwamba ukifika pale utamkuta Wilfred amekwisha fika. "Hakunipa mpira mguuni hata siku moja," aliniambia. "Aliupeleka pale nitakapokuwa." Hakuwa gwiji, mwanangu, wala hakudai kuwa. Alikuwa winga mwema wa klabu ya wastani, aliyepigiwa makofi na watu waliomjua, na sidhani kwamba hicho ni kitu kidogo.

Hayo ndiyo niliyokuwa nayajua juu yake mpaka asubuhi ile ya wembe.

Sasa nirudi kwangu. Mapema juma lilelile dada yangu Nakijwa alinipigia simu kutoka Same. Sauti yake ilikuwa ikipotea na kurudi. "Zakaria," aliniita, "Baba ametutoka." Kusafiri hakukuwezekana, na sitakuchosha kwa sababu zake. Tulipomaliza kulia, kila mtu upande wake wa dunia, aliniuliza, "Huko unao watu wa kukaa nawe?"

Nikamwambia ninao.

Baada ya hapo nikaweka simu chini, nikaenda darasani. Nilikaa, nikaandika aliyoyasema mwalimu, nikarudi chumbani. Siku iliyofuata hivyohivyo. Siku waliyomzika Baba nilikuwa maktaba, mbele ya kitabu kilichofunguliwa, nikihesabu saa za Same kichwani na kujiambia: sasa wanatoka kanisani, sasa wanapanda kilima, sasa udongo. Hakuna aliyenigusa bega, kwa kuwa hakuna aliyejua. Nilijifunika methali. Kila mtu na msalaba wake, nikasema. Mwanamume hulilia moyoni, nikasema. Mwanangu, methali ni kama blanketi, humfunika mgonjwa na humfunika mwoga vilevile.

Maana ukweli ni kwamba niliogopa. Kwetu hakuna aliyekuandikia sheria hii, lakini kila mtu anaijua: usiyekwenda kwao, hawaji kwako. Nitawaita kwa uso gani watu ambao sikuwaitikia? Niliona machoni pangu nimepanga viti, chai imechemka, nami nimekaa nikisikiliza ngazi, na hakuna mguu wa mtu unaopanda. Nikaona bora kufiwa peke yangu kwa hiari kuliko kuachwa peke yangu na watu. Huku nikijua kwamba baba asiyekaliwa na watu ni kana kwamba hakupita duniani, na kwamba katika nchi ile hakuwa na mtu mwingine wa kumlilia isipokuwa mimi.

Ndipo mzee akaniambia ninachechemea usoni.

"Si kitu," nilimjibu. "Nimechoka."

"Niwekee wembe chini kwanza," akasema. "Mtu anayesema si kitu asiwe karibu na shingo yangu."

Nikaweka wembe. Sijui kwa nini nilimwambia. Labda kwa sababu hakuwa mtu wangu, na aibu yangu haikuwa na njia ya kutoka kwake ikafika Phillips. Nilimwambia kwamba baba yangu amefariki na amekwisha zikwa. Hakusema pole. Povu likimkauka kidevuni, akauliza, "Watu wako wanajua?"

"Hapana."

"Kwa nini?"

"Hawatakuja."

"Sikukuuliza kama watakuja. Nimekuuliza kama umewaambia."

Mzee akavuta taulo, akajifuta mwenyewe, na bila kuniangalia akanisimulia jambo ambalo katika Jumamosi zote za nyuma alikuwa akiliruka, kama mtu anayeruka dimbwi analolijua.

Klabu yao ilikuwa imefika nusu fainali ya kombe, jambo ambalo mji ule haukuwa umeliona. Siku chache kabla ya mechi, mazoezini, goti lake la kushoto lilijipinda. Hakuanguka. Alitembea mpaka pembeni, akajifanya anafunga kamba za njumu zake, akangoja maumivu yapungue. Hakumwambia kocha, hakumwambia mtu wa sponji, na hakumwambia Cyril aliyelala kitanda cha pili chumba kimoja naye. Alijifunga bendeji chini ya soksi wakati mwenzake ameshuka kunywa chai. Klabu ilikuwa na kijana mwingine wa pembeni, mzima wa miguu, akisubiri nafasi. Lakini Wilfred aliona kwamba ile ni siku yake, na siku ya mtu haigawanywi.

Na hapa, mwanangu, ufahamu jambo moja la zama zile: hapakuwa na mchezaji wa akiba. Walioingia ndio waliotoka. Ukiumia, timu inabaki pungufu, au unasukumwa pembeni uchechemee mpaka filimbi ya mwisho.

"Goti liliniacha mapema," alisema, "kabla jasho halijanitoka. Nikabaki nimesimama. Na Cyril, ambaye hakujua lolote, akaendelea kuupeleka mpira pale nitakapokuwa. Akaupeleka, ukatoka nje. Akaupeleka tena, ukatoka nje. Watu wakaanza kumzomea yeye. Yeye, si mimi! Walidhani amepoteza shabaha. Kipindi chote cha kwanza mwenzangu alizomewa na uwanja mzima kwa kosa la kuniamini."

Wakati wa mapumziko aliteremsha soksi, na goti likaonekana, limevimba kama boga. Wenzake wakatazama kando. Cyril peke yake ndiye aliyesema, na wala hakupaza sauti.

"Alisemaje?" nikamwuliza.

"Alisema, 'Ungeniambia, ningeupeleka kulia.'" Mzee akarudia maneno hayo kwa sauti ndogo zaidi. "Ni hayo tu. Ningeupeleka kulia. Kijana, alikuwa tayari kubadili mchezo wote kwa ajili ya goti langu, nami nilimnyima nafasi hiyo. Nilidhani nimeficha maumivu yangu. Kumbe nilikuwa nimewanyang'anya wenzangu kazi yao."

Walifungwa. Goti halikupona sawasawa; aliteremka klabu hadi klabu, kila moja ndogo kuliko iliyotangulia, mpaka vita vya pili vikaja vikafunga viwanja vyote. Lakini hilo silo lililomuuma. Kilichomuuma ni msimu mmoja uliobaki yeye na Cyril wakiwa bado timu moja. Cyril hakuwa na kinyongo. Alimpigia soga kama zamani, akamkatia mkate mezani. Wilfred ndiye aliyekimbia. Alihama chumba, akakaa upande mwingine wa benchi. Cyril alipouzwa klabu ya kusini, hakwenda stesheni kumuaga. Cyril akafa vitani, na habari zake zikamfikia kwa mtu wa tatu, sokoni, katikati ya mazungumzo ya viazi.

"Sasa sikiliza," alisema, na kwa mara ya kwanza akanishika mkono. "Kuwaambia ni kazi yako. Kuja ni kazi yao. Wewe hujafanya yako, na tayari umewahukumu kwa yao. Huo si ukiwa, kijana. Huo ni uonevu."

Wahenga walisema mficha maradhi kilio humfichua. Mimi niliisoma shuleni, nikaijibia swali, nikapata alama. Siku ile ndipo nilipoielewa.

Wakati wa mapumziko yangu nilikwenda kwenye simu ya wafanyakazi, nikampigia Mama Wanjiru. Alipoitikia, nilijitambulisha kama mtu anayejitambulisha polisi. Nikamwambia.

"Baba amelala lini?" akauliza.

"Mapema wiki hii. Wamekwisha mzika."

"Wamekwisha... Na wewe umekaa nayo peke yako siku zote hizo, kama mtu amemeza mfupa?"

"Mama, mimi wakati wa msiba wako siku—"

"Hiyo wachana nayo. Hiyo nitakuchapa siku yake, na nitakuchapa vizuri. Sasa niambie, hapo kwako uko na viti?"

"Viwili."

"Viti viwili, Profesa! Na hivyo vitabu vyote si tutakalia?" Kisha sauti yake ikabadilika, ikawa sauti ya mama anayezungumza na mtoto mwenye homa. "Kesho nikitoka job nita-drive nije. Chemsha maji. Usipike. Wewe chemsha maji tu."

Kesho yake alasiri nilichemsha maji. Nilifagia, nikasogeza kitanda ukutani, nikapanga vikombe nilivyokuwa navyo, ambavyo havikufanana hata kimoja. Nje theluji ilikuwa inaanguka kwa utulivu ule wake wa kutojali. Saa ya kutoka kazini ikafika, ikapita. Maji yalipoa, nikayachemsha tena. Kila gari lililopunguza mwendo nililiendea dirishani, na kila moja lilikwenda zake. Mwanangu, katika maisha yangu nimesubiri majibu ya mitihani, nimesubiri viza, nimesubiri mtoto azaliwe. Sijasubiri kitu kama nilivyozisubiri zile ngazi. Nikaanza hata kumchukia yule mzee wa watu na goti lake. Nikasema moyoni, haya, nimefanya kazi yangu, sasa tazama.

Kisha nikasikia mlango wa chini unagonga ukuta, na sauti ambayo mtaa mzima wa Phillips uliisikia.

"Profesa! Shuka usaidie watu! Na hii baridi yenu haina adabu kabisa!"

Alikuja na mumewe, amebeba viti vya kukunja alivyoazima kanisani, na nyuma yao Wakenya wengine na Watanzania, wenye masufuria yaliyofungwa kwa taulo, wakikung'uta theluji kwenye viatu, wakilalamika kwamba wame-park mbali kwa sababu ya theluji. Binti yake Wanjiru, aliyezaliwa hukohuko, alinipa mkono akasema, "Sorry, Uncle."

"Sema pole," mama yake akamkemea. "Hiyo sorry ni ya kukanyaga mtu mguu."

"Pole, Uncle."

Walikaa. Waliokosa viti walikaa kitandani, waliokosa kitanda walikaa sakafuni. Waliimba. Walipomaliza, Mama Wanjiru akaniambia, "Haya. Sisi Baba hatukumjua. Tuambie alikuwa mtu wa aina gani." Nikafungua mdomo nikidhani sina la kusema, nikajikuta nawasimulia jinsi alivyoyazoea majira ya treni, hata jogoo wa nyumbani alipowika nje ya saa yake Baba alitoka nje kumsema kwa kuchelewa. Wakacheka. Nami nikacheka, na kicheko kile kilipofika katikati ya kifua kikageuka, nikalia kwa sauti kubwa mbele za watu, na mkono wa mtu, sikuona wa nani, ukaja mgongoni pangu ukakaa hapo.

Sitakudanganya kwamba wote walikuja. Wapo wa Saint Paul niliokuwa nimewapa kisogo kwa muda mrefu, nao hawakuonekana, wala sikuwalaumu. Ile ilikuwa kazi yao, na hesabu yake si yangu. Wakati wa kuaga, Mama Wanjiru alibaki nyuma mlangoni, akijifunga skafu. "Mdogo wangu aliitwa Kamau," aliniambia. "Siku moja utakuja nyumbani nikueleze alivyokuwa." Nilikwenda juma lililofuata. Nilikaa mpaka chai ikaisha.

Zamu yangu iliyofuata mzee hakungoja hata nivue koti.

"Walikuja?"

"Walikuja. Si wote."

"Hata timu yangu haikuwa na wachezaji wote wazuri," akasema, akafurahi kama mtu aliyefunga goli.

Lakini alikaa na fikra siku ile. Mke wake alikuwa amekwisha kufa Uingereza. Alikuja Minnesota kumfuata binti yake aliyeolewa na mwanajeshi wa Kimarekani, na binti huyo naye akamtangulia. Alibakiwa na mjukuu mmoja huko Arizona, jimbo la jua kali, ambaye hakuwa amemwona kwa muda mrefu na ambaye, alisema, hakutaka kumsumbua. Nilipokuwa namfunga vifungo vya shati, akaniomba nimpigie simu mjukuu huyo. Nikampigia. Haikupokelewa; ikaitika mashine ya kupokea ujumbe. Nikamwekea mkono wa simu sikioni. Alijikohoza, akasema, "Ni babu yako. Siko vizuri sana. Nilitaka ujue." Akanirudishia simu. Hakuniuliza tena, siku zile wala baadaye, kama kuna jibu lililokuja. Halikuja.

Alifariki barafu ya mto ilipokuwa inapasuka. Katika nyumba ile, mzee akifa asubuhi, mchana kitanda chake kilikuwa kimekwisha tandikwa shuka safi kwa ajili ya mwingine, hakuna aliyekaa. Siku ya maziko tulikuwa mchungaji, mimi, na Mama Wanjiru, ambaye hakuwahi kumwona akiwa hai lakini aliomba ruhusa kazini akaja. Mchungaji alikuwa anakaribia kumaliza wakati mwanamume mmoja alipofika kwa haraka, amevaa koti jepesi la nchi za joto, akasimama mbali na kaburi kama mtu asiyejua kama anaruhusiwa kusogea. Alikuwa na macho yaleyale, moja wazi na jingine limefumba nusu. Sikumwuliza kama aliusikia ujumbe, na kama aliusikia, aliusikia lini. Mama Wanjiru hakuuliza lolote pia. Alimwendea, akamshika mkono, akamleta karibu na kaburi, akasimama naye mpaka mwisho.

Basi, mwanangu, unayejiandaa kwenda kuishi mbali na watu wako, haya ndiyo ninayokuusia. Ukifiwa, sema. Ukiugua, sema. Ukishindwa, sema, hata kama sauti itakutetemeka na hata kama unaona huna haki ya kusikilizwa. Usiwajibie watu swali ambalo hujawauliza. Usidhani kwamba kwa kunyamaza unawapunguzia mzigo. Unawanyima nafasi ya kuwa wenzako, na nafasi hiyo ni haki yao. Wapo watakaokuja na wapo ambao hawatakuja, na zipo siku utaita na hakuna atakayeitika; siku hizo zitakuuma, lakini hazitakufanya mwongo. Na ukisikia mwenzako amefiwa, usingoje uwe na nafasi, usingoje upate maneno. Nenda ukakae. Na kama ulichelewa kwenda, nenda umechelewa hivyohivyo, maana aliyechelewa bado anayo njia, ila aliyeona haya ameifunga mwenyewe.

Mungu akusafirishe salama na akusalimishe uendako. Akupe afya, akupe akili ya kusoma na moyo wa kuomba msaada. Siku ya furaha yako wasikose wa kushangilia nawe, na siku ya machozi yako asikose hata mmoja wa kukufungulia mlango. Amina, mwanangu. Nenda na amani.